Hadubini za Kuazima

Barsheba, Kisauni
3 Februari 2025

Kwako Shangazi Zubeida,

Shikamoo. Salamu zilizobaki nitazileta hasira zikinishuka. Umenifungia simu, nikipiga haiiti na ujumbe wangu hausomwi, ndipo nikamwomba Ngumbao, huyu anayekuletea dawa za maabara, akufikishie barua hii mkononi. Usimfokee, yeye ni mjumbe tu.

Najua habari zimekufikia huko Timbwani kwamba nimemshtaki Ami Sameer, ndugu yako, aliyenilea tangu baba afariki. Basi isikie na kwangu. Kesi hii hatukuianza sisi. Chuo chake cha Afya cha Mtondooni hapa Frere Town kinafundisha, na chuo kikuu kilichofungamana nacho ndicho kinachotutahini na kutupa stashahada. Mwezi wa Novemba wakaguzi wa chuo kikuu walikuja bila kupiga hodi, wakakuta maabara ina meza tupu na masinki makavu. Wakaandika kwamba wanavunja mkataba na hawatampa cheti mtu yeyote. Ami akakimbilia Mahakama Kuu kuwazuia.

Soma karatasi zao zote, Shangazi, za huku na za kule. Hakuna mahali palipoandikwa wanafunzi wafanywe nini. Chuo kikuu kinasema sisi si wake, na nembo yake ndiyo iliyoshonwa kwenye koti ninalolivaa mwaka wa tatu sasa. Ami anasema chuo chake hakina kasoro. Wapiganapo tembo nyasi huumia, ila safari hii nyasi zimepata wakili, anaitwa Valarie. Mimi na Mueni, yule rafiki yangu wa Changamwe ambaye baba yake, Mzee Musyoka, ni mpakiaji wa bandarini, tumeingia kwenye kesi kwa niaba ya wenzetu. Tunaomba jambo moja: chuo kikuu kitupokee, kitufundishe tusichofundishwa, kisha kitutahini.

Kwa maana hatujui kitu! Mwaka jana nilipelekwa mazoezini katika hospitali moja. Msimamizi akaniwekea damu ya mtoto kwenye hadubini, akaniambia, "Tazama kama kuna malaria, mama yake yuko nje." Sikujua nianzie wapi. Niliona weupe mtupu. Nikazungusha nilichokiona cha kuzungushwa mpaka kigae cha kioo kikapasuka. Mwanafunzi wa maabara wa mwaka wa pili, Shangazi, aliyefundishwa vijidudu kwa picha zilizobandikwa ukutani! Yule mama alitobolewa mtoto wake kidole mara ya pili kwa ajili yangu. Kilio cha yule mtoto ninacho mpaka leo.

Na hadubini nilishawahi kuziona Mtondooni. Nilizichungulia dirishani siku ya ukaguzi wa kwanza, ule tuliotangaziwa mapema kabla ya huu wa Novemba, zimepangwa mezani zinang'aa, kila moja na nukta tatu za rangi ya kucha, nyekundu, shingoni. Ni nani Mombasa nzima anayetia nukta tatu nyekundu kwenye vyombo vyake? Mimi ndiye niliyekubebea masinia harusi ngapi.

Shangazi, ulijua?

Mwanao (kama bado),
Salsabil


Timbwani, Likoni
7 Februari 2025

Salsabil,

Marahaba. Assalamu alaikum hukuiandika, nimeona. Mimi nakuandikia: assalamu alaikum.

Simu nimeifunga kwa faida yako. Ningeishika ningekutusi, na mwana wa marehemu Yeslam sitaki kumtusi. Kalamu ina breki, ulimi hauna.

Barua yako nimeisoma mara mbili na mara zote mbili nimeitupa chini. Kumpeleka ami yako kwa jaji! Kisauni wazee wamekwisha? Juzi nimekaa zangu kwenye hitima ya jirani, mwanamke nisiyemjua hata jina ananiambia mbele ya watu, "Kumbe ni nyinyi wenye kile chuo cha kesi?" Kahawa ikanichoma koo. Miaka yote watu wa kwetu walikuwa wakijulikana kwa bizari na kwa ukweli wa mizani, leo tunajulikana kwa kesi.

Wauliza kama nilijua. Nilijua nini? Ndugu yangu alikuja akanambia, "Dada, nina wageni, hadubini zangu ziko kwa fundi, niazime zako siku moja." Nikampa. Kwetu mtu akija kuomba sinia haulizwi ana harusi ya nani wala sinia zake ziko wapi. Bibi yako alikuwa na sufuria iliyopikia mtaa mzima na hakupata kumuuliza mtu. Siku ile nilifunga maabara yangu, wagonjwa wakarudi majumbani na homa zao, nikasema moyoni si neno, wanafunzi watazitumia na Salsabil wangu yumo. Nukta nilizitia kama ninavyotia kwenye masinia, zisije zikachanganyika na za watu zikapotea. Hilo ndilo nililolijua.

Sasa nami nakuuliza, na unijibu bila ya maneno mengi. Siku ile hukuzishika?

Shangazi yako,
Zubeida


Barsheba, Kisauni
10 Februari 2025

Shangazi yangu,

Assalamu alaikum warahmatullahi wabarakatuh. Nimesahihisha.

Hapana, sikuzishika. Hakuna mwanafunzi aliyezishika. Tulipangwa uani na makoti yaliyopigwa pasi, safu mbili, kama watoto wa maulidi wanaongoja kuimba. Ziro, mlinzi wa lango, aliondolewa langoni akasimamishwa mlango wa maabara, asiingie mtu. Mueni alimwomba Ami tuingie tuguse kidogo tu kabla wageni hawajafika. Unajua alijibiwa nini? "Vitu vya watu hivi. Vikivunjika nitawaambia nini wenyewe?" Maabara yetu, siku yake moja ya kuwa maabara, na sisi tukaizunguka madirishani.

Na wale wakaguzi! Mmoja aliinama, akaigusa nukta nyekundu kwa kidole, akamuuliza Ami hiki ni nini. Ami akasema ni alama za masomo. Yule mtu akacheka, Shangazi, kicheko cha mtu aliyekwisha kuelewa. Kisha akatazama saa na wote wakapanda juu kula biriani. Walikaa zaidi kwenye biriani kuliko walivyokaa kwenye maabara. Hao hao leo wamemwapia jaji kwamba walidanganywa. Walidanganywa, au walishiba?

Umeniuliza kuhusu wazee. Nilianza na Ami mwenyewe, nyumbani kwake, kwa adabu zote. Akasema maabara itakuja, cheti kitakuja, kwani umekosa nini kwangu? Nikaenda kwa wazee wawili wa ukoo, Jomvu Kuu. Walinipa tende, wakanisomea dua ya subira, wakanisindikiza mpaka njiani. Sikuwakataa wazee. Wazee walinirudisha nyumbani.

Mueni kila siku husema, "Salsa, hawa wasee wa chuo wametucheza, na mmoja wao wewe ndio unamwitanga Ami."

Salsabil


Timbwani, Likoni
14 Machi 2025

Mwanangu Salsabil,

Ramadhani karim. Nimekawia kukujibu kwa sababu nilikuwa nikijaribu kuandika barua isiyo na hasira nikashindwa, na sasa funga imenisaidia.

Ami yako alikuja kufuturu jana. Alileta mahamri na maneno matamu, nikajua ana haja. Asema jaji amechoka kusoma viapo vinavyopingana, baada ya Idi atamtuma naibu msajili wa mahakama aje Mtondooni aione maabara kwa macho yake, na mawakili wa pande zote wawepo. Azitaka tena hadubini, na mashine ya kuzungushia damu. Halafu akatoa karatasi, nitie saini kwamba nilimpa vyote kuwa zawadi kwa chuo. Nikamwambia miwani yangu imevunjika. Akaiona iko puani kwangu, akaikunja karatasi, akala tambi.

Kuhusu hadubini, nimemkubalia. Najua utaruka. Lakini yule ni ndugu yangu, tumbo moja, na mimi sijapata kumrudisha mtu mlangoni mikono mitupu, hata maadui. Usinitumie maneno mengi juu ya hili. Nishasema ndiyo, na ndiyo yangu huijui vizuri.

Kula daku, usilale na njaa ukaamka na kesi.

Shangazi Zubeida


Ofisi ya Mkurugenzi Mwanzilishi
Chuo cha Afya cha Mtondooni, Frere Town
18 Machi 2025

Kwa Bi. Salsabil Yeslam,

Nakuandikia kama mkurugenzi, kisha nitakuandikia kama ami yako.

Kama mkurugenzi: imeambatishwa hati ya kiapo inayosema kwamba wewe, mwanafunzi wa mwaka wa tatu, umezitumia hadubini za chuo hiki tangu mwaka wa kwanza. Tia saini mbele ya wakili kabla ya Idi. Ukifanya hivyo msajili atakuta vifaa na atakuta shahidi, chuo kikuu kitashindwa, na nyote mtapata vyeti vyenu. Nyote. Hata huyo Mueni anayekutia maneno.

Kama ami: kikulacho ki nguoni mwako. Baba yako alipofariki nilikuchukua mkononi nikakuleta nyumbani, hukulala njaa, hukuvaa kitambara. Chuo nilikianzisha nilipoona vijana wa pwani hii, wa Likoni, wa Kisauni, wanavuka kwenda miji ya mbali kutafuta masomo. Nilianza na vyumba viwili na nia. Vifaa nilijua vitakuja. Kila kitu hapa duniani huanza kabla hakijawa tayari, hata ndoa. Leo kila mtu anafunga harusi kwa busati za jirani, na hakuna kadhi aliyevunja ndoa kwa sababu busati si za bwana harusi!

Wewe unataka ukweli. Sawa. Ukweli wako utawalisha wenzako? Utampa Mueni kazi? Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, na safari hii yatavunjika ya watu wengi.

Nakutakia funga njema.

Sameer
Mkurugenzi Mwanzilishi


Barsheba, Kisauni
22 Machi 2025

Shangazi,

Ami ameniletea kiapo cha uongo nitie saini ndani ya Ramadhani, na amenikumbusha wali alionilisha. Wali! Kama kulelewa ni deni la kulipwa kwa kuapa uongo, basi angenambia tangu utotoni nikale kwa jirani.

Unajua kilichoniumiza zaidi? Nilimwonyesha Mueni karatasi ile nikitazamia aichane. Hakuichana. Aliisoma mpaka chini, akasema polepole, "Sign tu, Salsa. Kuna hospitali imenishikia nafasi. Mzee wangu amebeba magunia mpaka mgongo umekwisha. Tusign, twende nyumbani." Nikamuuliza, na ukipewa damu ya mtoto? Akasema, "Nitajifunzia huko." Huko ni juu ya nani? Juu ya mtoto wa nani? Tukagombana mpaka majirani wakafungua madirisha. Leo asubuhi amenitumia neno moja, "Usisign," na hajanisemesha tena. Sijui nimeshinda au nimempoteza.

Sikutia saini. Sitatia. Lakini wewe utazitoa hadubini, na msajili atazikuta zinang'aa, na uongo utapita bila ya saini yangu. Shangazi, mimi nilidhani wewe hukujua. Sasa unajua. Mtu anayejua akatoa, huyo si mkarimu, huyo ni mshirika. Kama utazitoa, usiniite tena mwanao.

Salsabil


Frere Town
24 Aprili 2025

Zubeida,

Sikusalimu. Salamu umeziua mwenyewe leo mchana.

Umenivua nguo mbele ya mahakama! Nilikuja kwako kama ndugu, ukanipa vyombo kwa mikono yako, ukavifunga kwa kanga zako, ukaniambia "Mungu akufanyie wepesi." Kumbe ulikuwa umekwisha kunichimbia. Msajili yuko ndani ya maabara, mawakili wako ndani, wakili wangu anamwonyesha hadubini moja moja, mambo yanakwenda sawa, hata yule mtu wa chuo kikuu ameanza kutazama viatu vyake. Wewe unaingia! Na buibui lako la kazini, na kikapu, kama mwenda sokoni. Na Ziro anakufungulia mlango, mpumbavu yule, anakuita mama.

Na unasema nini? Nitayasikia maneno yale mpaka kaburini. "Samahanini wageni. Nimekuja kuchukua vyombo vyangu. Nina wagonjwa benchini." Kisha unaanza kuzifunga! Mbele ya msajili! Yule mama msajili anakuuliza hizi ni zako, nawe unazigeuza moja moja kumwonyesha nukta, unamweleza nukta zako za harusi kama uko jikoni kwa watu! Akakuuliza zimekuwa hapa tangu lini. Hukuweza kunyamaza? Hukuweza hata kusema hujui? "Tangu alfajiri," ukasema.

Hata mwanamke mwehu hachukui sufuria yake wageni wangali mezani. Mama yetu alipata kufanya hivyo? Ulimwona lini? Wanafunzi walikuwa madirishani, wote wakakuona, na yule mtoto wa ndugu yetu akaziba mdomo kwa mikono miwili.

Kiapo changu kilisema hadubini ni za chuo. Wakili wangu amefungua kiapo kile mbele yangu, akakifunga, akaondoka bila kuniaga. Unaelewa umenifanya nini?

Mimi na wewe basi.

Sameer


Timbwani, Likoni
27 Aprili 2025

Ndugu yangu Sameer,

Assalamu alaikum. Mimi nasalimu.

Sikukuchimbia. Ulipoomba, nilikupa, kama mama alivyotufundisha. Lakini ukumbuke vizuri alivyotufundisha, maana umeshika nusu. Mwenye sufuria hutoa bila kuuliza, na mwenye harusi hasemi ni yake. Mgeni akisifu masinia, bibi harusi husema, "Ni ya Bi fulani, Mungu ambariki." Hilo ndilo linaloifanya azima isiwe wizi. Wewe uliyachukua masinia ya watu ukayaapia msahafu kuwa ni yako.

Busati za jirani hazivunji ndoa, kweli, nimeambiwa umemwandikia mtoto hivyo. Lakini bwana harusi hakuazimwa, Sameer. Wewe chuo kizima uliazima, mpaka mafunzo. Wazee walisema nguo ya kuazima haisitiri, na kisichositiriwa nakuachia ukitaje mwenyewe.

Asubuhi ile nilikusudia kukaa nyumbani. Akaja mama wa hapa Timbwani na mtoto mgongoni, anawaka homa, anataka apimwe. Meza yangu tupu. Nikamwambia hadubini zimekwenda kwa ndugu yangu. Akanitazama akasema, "Zimekwenda kupima nani?" Nikachukua kikapu nikaenda kwenye feri.

Mlango wangu uko wazi. Ukiwa na njaa njoo ule. Ukitaka chombo, hakuna.

Dada yako,
Zubeida


Barsheba, Kisauni
13 Juni 2025

Shangazi yangu,

Shikamoo, shikamoo, na shikamoo ya tatu ya kukuomba radhi kwa lile neno nililokuandikia Ramadhani. Sikuijua ndiyo yako. Ningekuwa na uso ningevuka feri nikaja kukwambia ana kwa ana, lakini uso sina, nimebaki na kalamu.

Jaji ametoa uamuzi jana. Ombi la Ami limetupwa, na kiapo chake kitachunguzwa. Mtondooni imefungwa. Lakini jaji hakukiacha chuo kikuu kiende nyumbani kikisugua mikono. Alimkumbusha yule mkaguzi wao aliyecheka swali aliloulizwa na msajili siku ile mbele yako, kama nukta nyekundu aliziona mara ya kwanza au hakuziona, na akanyamaza. Jaji akasema aliyeona akanyamaza hawezi kuja kulia kwamba alifichwa. Chuo kikuu kitupokee sote. Mueni alinishika mkono mahakamani tangu mstari wa kwanza mpaka wa mwisho, na nje akanambia, "Sasa tukae chini tusome, madam ukweli." Nililia kama mjinga.

Furaha ilikaa mpaka jioni. Leo asubuhi chuo kikuu kimetuandikia. Kitatupokea, kama jaji alivyoamuru, lakini kwanza kitatupima kwa vitendo mwezi wa Agosti, na atakayeshindwa ataanza mwaka wa kwanza upya. Mwaka wa kwanza! Waliotutahini kwa picha ukutani, wakatupa alama, wakatia mihuri, leo wanajifanya kushangaa kwamba hatujui. Wanajua hatujui. Ndio waliotupitisha. Valarie anasema anaweza kurudi kwa jaji, lakini kesi nyingine itakula mwaka mwingine.

Basi tumeshinda, Shangazi, na bado nikiwekewa damu mbele yangu naona weupe mtupu.

La kuvunda halina ubani. Nimechoka.

Salsabil


Timbwani
15 Juni 2025

Mwanangu Salsabil,

Lile neno la Ramadhani nililifutia kwenye feri, usilitaje tena.

Kuchoka baadaye. Kesho baada ya alasiri wagonjwa wangu huwa wamekwisha na hadubini ziko mezani, hazina kazi. Njoo. Njoo na Mueni, na wengine mje kwa zamu, maabara yangu ni ndogo na macho yenu ni mengi. Makoti yenye nembo yao muyaache nyumbani, nitawapa kanga.

Mkivunja kioo, mtavunja. Kuvunjika ndiyo kazi ya vioo.

Ziro nimemwajiri hapa mlangoni. Nimemwambia yeyote mwenye kutaka kujifunza asizuiwe.

Shangazi


Barsheba, Kisauni
19 Oktoba 2025

Kwako Ami Sameer,

Assalamu alaikum. Shikamoo.

Nasikia uko Jomvu Kuu, katika nyumba ya babu, na hupokei simu ya mtu. Basi barua, kama kawaida ya ukoo huu.

Nimefaulu. Mueni amefaulu kunishinda, na hospitali yake bado imemshikia nafasi. Wengine sita wa darasa letu wameshindwa na wamerudishwa mwaka wa kwanza. Mmoja ameacha kabisa, yuko nyumbani kwao Mtwapa, hataki kuonana nasi. Nakutajia hao kwa sababu wewe ulinambia ukweli wangu utavunja miguu ya watu. Umevunja, ndiyo. Lakini hiyo miguu ilikwisha kuoza kwenye vyumba vyako viwili na nia yako, na sikubali kubebeshwa peke yangu.

Nataka ujue nilichokiona. Siku ya nne kwa Shangazi, nimezungusha mpaka shingo imekufa ganzi, weupe ukafunguka. Nikaona chembe za damu zimejaa kama punje, na ndani ya moja, kipete kidogo cha rangi ya zambarau, kijidudu cha malaria. Nikamwita Shangazi. Akainama, akatazama, akasema tu, "Ndicho." Wenzangu wakapiga vigelegele. Mimi nilishikwa na hasira, Ami, hasira ambayo sijui nitaiweka wapi. Kitu chenyewe ni hicho tu! Alasiri nne! Na hadubini ile ile, yenye nukta zile zile, ulikwisha kuileta mpaka mlangoni kwetu, ukamweka mtu atuzuie tusiiguse.

Ulinilea, na sijasahau. Wali wako niliula na nitakuombea dua kwa ajili yake maisha yangu yote. Lakini sitakuja kukupa pole Jomvu Kuu, si sasa. Siwezi kukaa mbele yako nikainua kikombe cha chai na kilio cha yule mtoto kikiwa masikioni mwangu.

Shangazi anasema una homa za mara kwa mara na unakunywa panadoli tu. Usifanye hivyo. Vuka, njoo Timbwani, alasiri mimi niko zamu. Nitakutoboa kidole mara moja tu. Na nitakwambia nilichokiona, Ami, si unachotaka kusikia.

Salsabil Yeslam